Je, nikiongoza tamthilia ya televisheni nitaipoteza filamu yangu?

«Mama, ninaishi Lubumbashi, komini ya Kampemba. Nina miaka 31, nimeolewa, na mtoto wangu ana miaka miwili. Kwa miaka sita nimefanya kazi katika televisheni moja ya hapa mjini, kwanza kama mhariri wa picha, kisha kama mwongozaji msaidizi, na mwaka jana nilimaliza filamu yangu fupi ya dakika 14. Sasa mtayarishaji mmoja ananipa tamthilia ya Kiswahili yenye sehemu 26, kila sehemu dakika 26, siku nne za kupiga picha kwa kila sehemu, kuanzia Januari. Nitalipwa kwa sehemu, na kwa malipo hayohayo anataka niihariri pia. Ameniomba nilete barua ya idhini ya mume wangu. Rafiki zangu wa filamu wanasema aliyeingia tamthilia hatoki tena, afadhali nitafute kwanza shule Ubelgiji. Kuna jambo jingine ambalo sikuwaambia: mpiga picha aliyechaguliwa amenizidi umri kwa miaka ishirini, na katika filamu yangu fupi alikuwa akinibishia mbele ya watu wote. Nikubali au nikatae?»

Dada yangu, barua yako inauliza kuhusu televisheni na filamu, lakini nimeisoma mara mbili na ninaona kwamba linalokunyima usingizi ni lile uliloliweka mwishoni. Unaogopa kusimama mbele ya kikosi kizima ukiwa na cheo ambacho mtu mmoja mwenye kamera anaweza kukivua kwa maneno mawili, na unaogopa kwamba ukishindwa mara hii hutaitwa tena. Hofu hiyo si ya kujitungia. Tamasha la filamu za Afrika la FESPACO, la Ouagadougou nchini Burkina Faso, lilianza mwaka 1969, na hadi lile la 2025 tuzo yake kuu haijawahi kukabidhiwa mwanamke. Mwana wa Bukavu, Mwezé Ngangura, aliipata mwaka 1999. Binti wa Bukavu, wa Goma au wa mji wetu huu bado anasubiriwa. Kwa hiyo sitakuambia kwamba njia iko wazi. Nitakueleza namna kazi hii inavyokwenda, ili ujue ni wapi hasa unaweza kuipoteza filamu yako, maana ninavyoona mimi siyo mahali wanapokuonyesha rafiki zako.

Rafiki zako hawakudanganyi kabisa. Katika filamu, mwongozaji ndiye anayeamua sura ya kazi nzima: kamera ikae wapi, mwigizaji anyamaze kwa muda gani, onyesho likatwe wapi. Katika tamthilia, sehemu kubwa ya maamuzi hayo huwa imekwisha kufanywa: wahusika wanajulikana, nyumba zao zinajulikana, muswada umeandikwa na mtu mwingine, na mtayarishaji ndiye mwenye neno la mwisho, kwa sababu sehemu ya tisa ni lazima ifanane na ya nane. Mwongozaji anayeletwa katikati ya msimu ni kama dereva aliyekabidhiwa basi pamoja na njia yake na vituo vyake. Wewe, hata hivyo, hujaletwa katikati. Anayeongoza sehemu za kwanza ndiye anayechagua nyuso, mwendo, mwanga na namna ya kuzungumza, na wote watakaokuja nyuma yake watalazimika kumfuata. Kama mtu ataingia televisheni, huo ndio mlango wa kuingilia, na ni nadra kufunguliwa mwanamke wa miaka 31.

Tazama maisha ya wawili waliopitia pande zote mbili. Patty Jenkins wa Marekani alitoa filamu yake ndefu ya kwanza, Monster, mwaka 2003, na mwigizaji wake mkuu akapata Oscar kwa kazi hiyo. Filamu yake ndefu ya pili, Wonder Woman, ilitoka mwaka 2017. Katika miaka hiyo 14 aliongoza televisheni, ikiwemo sehemu ya kwanza ya The Killing mwaka 2011. Mbele yake alikuwepo Ida Lupino, mwigizaji aliyezaliwa London mwaka 1918, ambaye alianza kuongoza mwishoni mwa miaka ya 1940, akatengeneza The Hitch-Hiker mwaka 1953, kisha akaongoza vipindi vingi sana vya televisheni, na akarudi kwenye sinema mara moja tu, mwaka 1966. Nikizisoma habari hizi mbili pamoja, naona kwamba televisheni iliwaweka kazini na haikuiacha mikono yao ipoe, lakini haikuwaletea filamu yoyote yenyewe. Filamu ni lazima itoke kwako, na ni lazima iwe imeanza kuandikwa kabla tamthilia haijakumeza. Ningependa uingie siku ya kwanza ya kupiga picha ukiwa na kurasa za filamu yako ndefu mezani, hata kama ni kumi tu, na ukiwa na wiki mbili za mapumziko zilizoandikwa kwenye mkataba katikati ya kazi, ambazo hutazitumia kulala.

Wala usikubali kuambiwa kwamba tamthilia ya Kiswahili ni kazi ya daraja la chini. Kundi la maigizo la Mufwankolo lilikuwa likicheza kwa Kiswahili cha mji huu, redioni na kwenye televisheni, kabla wewe hujazaliwa, na wazee wa komini za Kenya na Katuba za hapa mjini wanaolikumbuka hawakumbuki filamu nyingi kwa mapenzi ya namna hiyo. Hata FESPACO yenyewe ina shindano la tamthilia za televisheni.

Sasa tufike kwenye hesabu, kwa sababu ndiyo itakayokulinda kuliko kipaji. Ukurasa mmoja wa muswada, ulioandikwa kwa mpangilio wa kawaida, huwa ni karibu dakika moja ya picha. Sehemu ya dakika 26 kwa siku nne ina maana ya kumaliza dakika sita na nusu kila siku, wakati filamu ndefu yenye fedha za kutosha hufanya kurasa mbili, tatu, pengine nne. Ukiondoa chakula, usafiri na kupanga vifaa, siku ya saa 12 inakuachia saa kumi za kazi. Kila mara unapobadilisha mahali pa kamera, ukahamisha taa na kurudia sauti, zinakwenda kama dakika 25, yaani utapata nafasi 24 za kamera kwa siku, kati ya tatu na nne kwa kila dakika ya picha. Umeme ukikatika na jenereta ikakataa kuwaka kwa saa mbili, unabaki na 19, na hapo huna hata tatu kamili kwa kila dakika. Tamthilia nyingi mbovu za kwetu hazikuharibiwa na waigizaji. Ziliharibiwa na mwongozaji aliyetumia nafasi kumi kwa onyesho lake alipendalo asubuhi, kisha jioni akapiga onyesho la watu sita mezani kwa nafasi mbili, mmoja wao akiwa ametupa mgongo mwanzo hadi mwisho.

Hapo ndipo miaka yako ya uhariri inapokuwa na thamani ambayo wewe mwenyewe, naona, huijui. Mtu ambaye hajawahi kuhariri hupiga kila kitu kutoka kila upande, kwa hofu. Mhariri anajua kwamba onyesho la mama anayesoma ujumbe kwenye simu halihitaji pande tano; linahitaji uso wake, mkono wake, na mlango ambao mtu ataingilia. Anajua pia kwamba asipopiga jicho la yule anayesikiliza, hatakuwa na mahali pa kukatia maneno yaliyorudiwa. Dorothy Arzner, aliyekuwa karibu mwanamke pekee aliyeongoza filamu katika studio kubwa za Hollywood miaka ya 1930, alianza kwa kupiga chapa miswada, akawa mhariri, na mwaka 1927 akapewa filamu ya kuongoza baada ya kuwaonya wakubwa wake kwamba angehamia studio nyingine. Mwaka 1929, mwigizaji wake Clara Bow alipokuwa akihangaika na maikrofoni zisizosogea, Arzner aliagiza maikrofoni ifungwe kwenye fimbo ya kuvulia samaki ili imfuate anapotembea. Hadi leo tunashika maikrofoni juu ya fimbo namna hiyo. Huyo alikuwa mhariri anayefikiria onyesho zima, wakati wengine walikuwa wakifikiria mashine.

Kuhusu sauti, niongeze neno ambalo mtayarishaji wako huenda hakulifikiria. Januari ni katikati ya mvua zetu. Mvua ikipiga bati, hakuna maikrofoni itakayokuokoa, na mwanasauti wako atakaa akitazama dari huku waigizaji wakilipwa. Sehemu 26 kwa siku nne ni siku 104, na ukifanya kazi siku sita kwa wiki ni zaidi ya wiki 17, kwa hiyo karibu msimu wote wa mvua uliobaki utakukuta ndani ya kazi. Mwombe aanze baada ya mvua, mwezi wa tano. Akikataa, chagua nyumba kuu zenye dari nzito, na weka maonyesho ya nje asubuhi mapema, maana mvua zetu nyingi huja alasiri.

Nimefika kwa mpiga picha wako, na hapa nitakaa kidogo. Watu wengi hufikiri kwamba mamlaka ya mwongozaji ni sauti yake, ndiyo maana waongozaji vijana wa kiume hupiga kelele, na wasichana huambiwa kwamba hawawezi kwa kuwa hawapigi. Kelele husaidia kuvusha watu barabara. Kikosi kinamfuata mtu anayejua jibu kabla ya swali, na kinaacha kumfuata kinapoona anatafuta jibu machoni pa mtu mwingine. Mpiga picha mzoefu hunusa hilo haraka. Akiona hujaamua, ataamua yeye, na kwa haki yake, maana muda unakwenda. Kwa hiyo usikutane naye kwa mara ya kwanza mahali pa kazi. Mwite wiki mbili kabla, peke yenu, mtembee pamoja ndani ya nyumba mtakamopigia, na umwombe akuonyeshe jua linapoingilia saa tatu na saa tisa. Hapo yeye ni mwalimu na wewe ni mwanafunzi, na hakuna aibu. Kisha mpe orodha yako ya nafasi za kamera, onyesho kwa onyesho, na umwulize ni zipi haziwezekani kwa dakika 25. Atakayoyakataa hapo, jadilianeni hadi mwisho. Mtakayokubaliana, usiyafungue tena mbele ya watu.

Akikubishia siku ya kazi, na pengine atakubishia, usimjibu kwa hoja mbele ya waigizaji. Mwambie kwa utulivu kwamba mtapiga kwanza kama ilivyopangwa, na muda ukibaki mtapiga yake. Muda ukibaki, piga yake kweli. Mara nyingine itakuwa bora kuliko yako, na ukiitumia katika uhariri, mwambie. Lakini akiendelea kukudharau baada ya wiki ya kwanza, suala hilo si lako tena bali ni la mtayarishaji, na unapaswa kujua tangu sasa kama mtayarishaji yuko tayari kumbadilisha. Muulize kabla ya kutia saini. Jibu lake litakufundisha mengi kumhusu.

Watakuita «mama», hilo lisikushangaze, maana hapa kwetu hata msichana aliyevaa kitambaa kichwani anaitwa mama. Ida Lupino alilitumia neno hilo kwa makusudi: nyuma ya kiti chake cha mwongozaji paliandikwa kwa Kiingereza kwamba yeye ni mama wa wote, na amri zake alizitoa kwa sura ya maombi. Ilimfaa. Mimi binafsi siipendi mbinu hiyo, kwa sababu nimeona mama wa wote akiletewa na ugomvi wa chakula, na nauli ya mwigizaji, na mtoto wa mtu anayelia. Itikia jina, lakini mambo ya chakula yapeleke kwa msimamizi wa uzalishaji, hata kama unajua jibu.

Linalonitia wasiwasi zaidi katika barua yako umelitaja kwa mstari mmoja tu: kuhariri kwa malipo yaleyale. Dakika 26 zilizohaririwa vizuri ni siku tano za mhariri mzoefu, pengine sita. Ukipiga picha siku nne na kuhariri tano, wiki haitoshi, na utaanza kuhariri usiku, mtoto akiwa amelala, hadi utakapokosea mchana. Wakati huohuo ninaelewa kishawishi: ukihariri mwenyewe, hakuna atakayeharibu onyesho lako. Njia ninayoiona ya haki ni mtayarishaji aajiri mhariri mwingine, nawe uandikiwe haki ya kusimamia mkato wa kwanza, yaani toleo la kwanza lililohaririwa, wa kila sehemu kabla yeye hajaugusa. Akisema hana fedha ya mhariri wa pili, apunguze sehemu ziwe 13. Anayeahidi sehemu 26 bila mhariri hajakaa chini kupiga hesabu.

Ninasema hivi kwa sababu mimi mwenyewe niliwahi kutia saini karatasi ya ukurasa mmoja, nikiwa na umri kama wako, kwa mtayarishaji ambaye sitamtaja. Tamthilia ilirushwa, ikarudiwa, ikauzwa kwingine, na katika urushaji wa tatu jina langu halikuwemo. Nilipokwenda kudai, sikuwa na neno hata moja la kuonyesha. Safi Faye wa Senegal, ambaye Kaddu Beykat yake ya mwaka 1975 inahesabiwa kuwa filamu ndefu ya kwanza ya mwanamke wa Afrika kusini mwa Sahara kuingia katika usambazaji wa kibiashara, alipiga picha za Mossane mwanzoni mwa miaka ya 1990, lakini mgogoro wa haki na mtayarishaji uliichelewesha hadi ilipoonyeshwa Cannes mwaka 1996. Hakuna televisheni iliyomzika huyo. Palipohitajika sahihi ndipo alipokwama, na hapo ndipo ninapokuogopea wewe.

Nchi yetu, Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo, ina sheria ya haki za waandishi na wasanii ya tarehe 5 Aprili 1986, inayotenganisha haki za fedha, ambazo mtunzi anaweza kuzikabidhi, na haki za kimaadili, ikiwemo ya kutajwa jina, ambazo hubaki kwake. Ipo pia SOCODA, shirika la kukusanya haki hizo, lililoundwa mwaka 2011. Lakini sheria haitakusaidia sana kama karatasi yako iko kimya. Iandikwe idadi ya sehemu, siku za kazi kwa kila sehemu, tarehe za malipo zisizongoja urushaji, jina lako mwanzoni mwa kila sehemu na katika kila marudio, malipo ya marudio na ya mauzo ya nje, na nini kitatokea kazi ikisimama nusu. Karatasi hiyo mpelekee wakili wa hapa mjini, uso kwa uso, kabla ya sahihi. Ada ya saa moja yake ni ndogo kuliko nilichopoteza mimi.

Mwulize wakili huyohuyo kuhusu barua ya mume. Sheria ya Familia ya zamani ilimtaka mke apate idhini ya mume ili afanye tendo la kisheria, na watu wengi bado wanaishi katika sheria hiyo. Marekebisho ya Julai 2016 yaliiondoa, na mahali pake yakaweka makubaliano ya wanandoa wote wawili, mume na mke kwa usawa. Kwa hiyo mtayarishaji akitaka barua, muulize kwa upole kama mpiga picha naye ameleta ya mke wake. Mume wako bila shaka ni mtu wa kuzungumza naye, tena kwa kina, maana siku 104 za saa 12 zitaingia nyumbani kwenu na mtoto atahitaji mikono yake, lakini hayo ni mazungumzo yenu, hayahitaji muhuri wa mtu wa nje. Na kama mikutano ya mkataba inaanza kuhamia usiku, hotelini, au safarini bila sababu ya kazi, usiyachukulie kuwa desturi za sinema. Sheria ya Julai 2006 kuhusu ukatili wa kijinsia inaadhibu pia unyanyasaji wa namna hiyo. Usiende peke yako, hifadhi ujumbe, na mfikie wakili au shirika la wanawake unaloliamini mapema.

Shule ya Ubelgiji ni jambo jema kama kuna ufadhili na kama unajua unachokifuata, kwa mfano uandishi wa muswada, ambao uhariri haukukufundisha. Si sharti la kuanza.

Kwa hiyo, kubali, lakini si kama ilivyo. Omba sehemu sita kwanza, baada ya mvua, pamoja na mhariri wa pili, na mkataba unaoendelea kwa sehemu saba nyingine mkiridhiana pande zote. Akikataa yote manne, kataa, na hutakuwa umepoteza kazi nzuri. Akikubali, panga siku ya kwanza wewe mwenyewe, usimwachie mtu. Usianze na harusi wala na ugomvi wa sokoni. Anza na onyesho la watu wawili, ndani, karibu na dirisha, kurasa mbili zisizo na machozi, nafasi saba za kamera ambazo mpiga picha wako alizikubali mbele yako wiki mbili kabla. Mkianza saa mbili asubuhi, saa tano mtakuwa mmemaliza, naye ataweka kamera chini na kuuliza mnakwenda wapi sasa.